Hatua Saba za Nunow

Sagal hakuwahi kuuona uso wa baba yake. Nunow alifariki kwa homa mwaka 1968, Sagal akiwa bado tumboni, na picha yake ya pekee, ile ya kipande, kitambulisho chake, iliungua pamoja na kibanda chao. Kila alipouliza baba alifananaje, mama yake, Batula, alisema tu, "Alikuwa na sura nzuri." Jamani, hilo ni jibu gani la kumpa mtoto?

Kufikia 1996 Sagal alikuwa karani mjini Garissa, na jioni alikuwa msanii, ingawa majirani walisema anachezea takataka. Takataka zenyewe ni mikebe minne ya filamu za zamani iliyotupwa na ofisi moja, filamu za ngamia wakichanjwa visimani. Alizikata, akaziunga upya, akazionyesha ukutani kwa projekta ya kuazima. Mwaka huo akaahidiwa ukumbi kwa maonyesho yake ya kwanza.

Abti yake Khalif, kaka wa mama, akaja juu. "Sura za watu, wengine wamekwisha kufa, uziweke ukutani zitazamwe? Astaghfirullah! Ngamia sawa, visima sawa. Sura, hapana."

Sagal hakutaka ugomvi, tena wazo lenyewe lilimpendeza: watu wasio na sura, kama baba yake. Akashika wembe. Sekunde moja ya filamu ina picha ishirini na nne, naye alikwangua uso katika kila picha, miezi miwili, mpaka vidole vikaota sugu. Mkebe mmoja ulimtia shaka kidogo: huenda baba yake yumo. Lakini kibandiko kilisema Modogashe, na baba yake, mtu wa Habaswein, hakuwahi kuchunga huko. Akakwangua bila wasiwasi.

Siku moja kabla ya maonyesho alimwita mama yake aone kwanza. Aliziba madirisha kwa blanketi, Batula akaketi mkekani na tasbihi yake. Ukutani vumbi likapaa, na mtu mmoja, ameipa kamera mgongo, akaenda kisimani akivuta ngamia jike. Batula akasimama ghafla, tasbihi ikaanguka.

"Ile chapa shingoni!" alisema. "Ni chapa ya kina baba yako! Huyo ni ngamia wa mahari yangu, na hicho ni kisima chetu cha Habaswein. Sagal, yule ni baba yako! Anageuka, mwone, anageuka!"

Nunow akageuka. Juu ya shingo yake palikuwa na tundu jeupe linalochezacheza.

Chapa ile Sagal alikuwa ameitazama mara elfu chini ya wembe. Mtoto yeyote wa malishoni angeitambua, lakini yeye wa mjini aliamini kibandiko kilichoandikwa na karani fulani. Alilia kwa sauti, akanyoosha mkono kuizima mashine. "Hooyo, mama yangu, nimemfuta. Nimemfuta mimi mwenyewe."

Batula hakumgombeza, na heri angemgombeza. "Usizime," alisema. "Rudisha nyuma. Mgongo wake pia ni wake."

Ikarudishwa. Batula alisogea mpaka kivuli chake kikasimama ukutani kando ya ngamia wake, akaanza kumsemesha Nunow taratibu, mambo ya mke na mume. Sagal akahesabu hatua za baba yake. Zilikuwa saba kabla hajageuka.

Ukumbi aliurudisha, maonyesho hayakufanyika. Kila Ijumaa baada ya Alasiri mama yake huja, huketi mkekani na kusema, "Nionyeshe baba yako." Sagal huwasha, huhesabu mpaka saba, na huzima taa ya projekta kabla ya hatua ya nane.