Kikombe cha Ami Abu Saqr

Ndugu yangu Muhannad alikuwa kwenye kifungo cha nyumbani, bangili ya polisi mguuni, na mahakama iliniweka mimi kuwa mlinzi wake. Mimi ni fundi wa plasta. Tangu wamlete sikuwa nimeshika mwiko, maana nikimwacha peke yake tunaingia ndani wote wawili.

Kesi yake ni uchochezi. Siku matingatinga yalipokuja kubomoa nyumba ya jirani, alipanda juu ya gari akasema na watu. Polisi wana video, lakini imekatwa. Anasikika akisema, "Msiondoke!" Alichosema baada ya hapo, kwamba watu wakae chini na asiokote mtu jiwe, hakimo. Serikali ikamwambia akiri, aape kujitoa kwenye kamati ya kutetea ardhi, aachiwe. Akikataa, ni jela miaka mitatu. Akakataa.

Alasiri moja Ami Abu Saqr akaja na wazee wawili, wamevaa makoti mazuri. Nikawamiminia kahawa. Ami akapokea kikombe, akakiweka mezani bila kuonja. Wazee nao vilevile.

Kwetu mgeni akifanya hivyo ana haja, mara nyingi ya kuposa, na hanywi mpaka apewe. Mwenye nyumba akimwambia "kunywa," amekubali.

"Haja yetu ni kwa Muhannad," Ami akasema. "Akiri, mambo yaishe. Malori yangu yanasimamishwa na polisi kila kona."

"Kumbe haja ni ya malori," Muhannad akasema.

"Chunga ulimi wako. Nimekubeba wewe ukiwa na makamasi."

Mama alikuwa jikoni na dada yetu Lubna, ambaye umri wa kuolewa ulikuwa unampita. Mama akachungulia, akaona makoti, akaona vikombe havijaguswa. Miaka yote alikuwa akivisubiri vikombe hivyo. Akapiga kigelegele.

"Kunyweni, wageni wetu! Mmeshapewa, na kwa mahari hatuwabani!"

Wakanywa upesi, Ami wa kwanza.

"Neno limetoka kwa mwenye nyumba," akasema.

Nikamweleza Mama. Akaegemea mlango.

"Mimi nimetoa msichana, huyu sijamtoa. Mkimtaka Lubna, mchukueni."

"Mama!" Lubna akapiga kelele kule jikoni. Mzee mmoja alicheka mpaka kahawa ikampalia.

Muhannad hakucheka. Aliniambia nimmiminie na yeye. Akakichukua kikombe, akakiweka chini mbele ya Ami.

"Na mimi nina haja. Ulikuwa umesimama kando ya lile gari, ukasikia nilivyomaliza. Njoo Jumapili, wiki ya mahakama ikianza, umwambie hakimu."

"Mwenye nyumba hamwekei mgeni kikombe. Nani kakufundisha?"

"Ningekuja kwako, Ami." Akanyoosha mguu wenye bangili. "Siwezi."

Ami akainuka, akatoka bila kuaga. Kandarasi yake ya kokoto ni ya serikali. Akionekana upande wa Muhannad, imekwisha, na hilo sote tulilijua.

"Umemfukuza shahidi wako," nikamwambia ndugu yangu.

"Shahidi gani? Alikuja kuniomba nikiri."

Mama alitaka kukiosha kile kikombe, Muhannad akakataa. Kikabaki pale mezani. Kesho yake nikakifunika kwa kisahani kwa sababu ya nzi.

Jumamosi mchana simu ikalia. Ami.

"Kile kikombe mmekimwaga?"

"Kipo."

"Kikoje?"

"Kina utando juu."

Nilisikia injini ya lori nyuma yake.

"Mwambie anywe," akasema, akakata.

Nikampa Muhannad ujumbe. Akafunua kisahani, akaangalia, akanusa.

"Tukichemsha mpya haifai?"

"Amesema hicho. Kunywa."

Akafumba macho akanywa yote, na mashapo yake. Mimi nikaenda kumwambia Lubna atupigie pasi mashati ya mahakamani.