Tunakwenda Ukweni

Kama kuna mtu wa kutumwa kupeleka habari ya kifo, si mie. Mie nina mdomo wa kugombana. Kijijini kwetu Mkongo wote wanajua, ukitaka mbuzi wa jirani wasirudi tena shambani kwako, muite Mwanaheri aseme na mwenye mbuzi. Lakini tulipokwisha kumzika Yassin wazee walikaa kitako, wakaamua aende mwanamke mzima wa upande wa binti, afuatane na shemeji yangu Sadala, wakamwambie mama mtu kwa mdomo, ameketi, ameshikwa mkono. Nikasema jamani, simu zipo. Mzee mmoja akanigeukia, "Wee Mwanaheri, wako akifa ungependa uambiwe na simu?" Nikafunga mdomo. Si jambo la kila siku hilo.

Yassin alikuwa kijana wa Kiongoroni, huko delta karibu na bahari, kwenye mikoko. Alikuja kwetu kulima mpunga bondeni. Akajenga dungu lake, kile kibanda cha juu ya nguzo tunacholalia tukilinda mpunga, na kutoka juu huko akamwona Salama, mtoto wa marehemu dada yangu, niliyemlea mie. Akaposa, tukakubali. Ilibaki sisi watu wa binti twende kwao tukapaone atakapokaa mtoto wetu, ndipo siku ya ndoa itajwe. Yassin alishamwambia mama yake, watu wa Salama watakuja, mama, kaa tayari.

Basi asubuhi moja anavuka mto kwenda shamba, kiboko akaupindua mtumbwi. Mtoto aliyezaliwa majini, yarabi, akafia majini. Tulimpata kesho yake.

Sasa hii habari ina sharti lake. Kwetu wa kwanza kuisikia ni mama. Haimwagwi njiani, hata mtu akuulize vipi, kwa sababu maneno yana miguu, na mama asije akaambiwa na mpita njia huku amebeba ndoo ya maji. Kwa hiyo sikuvaa nguo ya msiba. Nilivaa doti yangu mpya, Sadala akavaa kanzu na kofia, nguo za Yassin tukazitia kwenye kikapu nikajitwika. Masika yalikuwa yameikata barabara, gari hakuna, bodaboda zenyewe zimegoma. Tukaenda kwa miguu.

Tope lile Mungu ndiye anajua. Sadala ni kaka wa mume wangu, mtu mpole, lakini akitembea utadhani anahesabu mchwa. "Shemeji, vuta miguu," namwambia, "au nikubebe mgongoni?" Yeye ananijibu, "Unakimbilia nini, Mwanaheri? Unakimbilia kumwambia?" Hapo nikapunguza mwendo mwenyewe.

Jioni ile tulipiga hodi kwenye nyumba tusiyoijua, ya mzee mmoja na mkewe. Hawakuuliza jina wala kabila. Walitupa maji ya kunawa, wakatupa ugali na kisamvu, bibi akanitandikia kitanda chake na yeye akalala jikoni kwenye mkeka. Mgeni haulizwi mpaka ashibe. Tuliposhiba mzee akauliza kwa upole, "Haya wageni wetu, safari ya wapi?"

Sadala hajui kusema uongo. Akaanza kukohoa. Nikaona huyu atatuharibia, nikadakia, "Tunakwenda ukweni. Tuna binti anaolewa."

Lo, ungemwona yule bibi! Mwanamume mzima na mwanamke mzima, nguo safi, kikapu kichwani: alikuwa amekwisha kudhani hivyo hivyo. Asubuhi akatukamatia kuku. "Mpelekeeni bibi harusi." Nikakataa, akanuna, nikapokea. Kuku yule alipiga kelele njia nzima, na mie nilitamani kumnyonga.

"Uongo huo, shemeji," Sadala akaniambia.

"Uongo wapi? Si ukweni tunakokwenda?"

Akatazama tope, akaendelea kutembea. Na mie moyoni nikajua kwamba nimeropoka.

Siku ya pili tulifika Dimani, zinakotoka boti za Kiongoroni, tumelowa chapachapa, tukapokelewa na Biasha. Huyu ni mjane, mnene, mcheshi, maneno yake hayaishi. Kabla hajaniuliza sana nilishamwambia yale yale, ukweni. Akauliza ukweni wapi. Kiongoroni. Akaruka. "Kiongoroni kwa nani? Kule kuna watoto wa mama yangu mkubwa!" Na mie, mdomo huu, mdomo huu wa kukatwa, nikasema, "Kwa Bi Habiba."

"Habiba mama Yassin! Ati Yassin anaoa!" Alipiga kigelegele palepale jikoni, mwiko mkononi. Usiku mzima alinisimulia jinsi Bi Habiba alivyomlea mtoto yule peke yake kwa kuuza samaki wa kukaanga, baba yake akiwa hajulikani alikokwenda. Mtoto mmoja tu, hana mwingine. Nililala nimeelekea ukutani, machozi yanaingia sikioni.

Asubuhi mvua ilikuwa haijakatika na mwenye boti akasema hatoki. Biasha akaja na chai, anatabasamu. "Msiwe na wasiwasi. Nimepiga simu dukani Kiongoroni jana ile ile. Habiba keshaambiwa watu wa bibi harusi mko njiani. Mtapokelewa, mpaka mshangae."

Nikakiweka kikombe chini, chai sijaionja.

Sadala alinivuta nje, chini ya mvua. Sijawahi kumwona amekasirika namna ile. "Mwambie huyu mama ukweli. Apige tena."

"Apige tena aseme nini? Kwenye simu? Dukani, mbele za watu? Ndiyo tuliyotumwa hiyo?"

"Na tukikaa? Mwanamke anasherehekea maiti, Mwanaheri!"

Nikimwambia Biasha, lisaa limoja Kiongoroni nzima inajua na mama mtu anaambiwa na muuza duka. Nisipomwambia, ndio kila saa inayopita Bi Habiba anazidi kufurahi. Tulikaa mchana kutwa tunaitazama mvua. Biasha akitupikia, akitutania, akimwita Sadala mzee wa mahari. Sadala hakula.

Boti ilitoka kesho yake. Tuliingia kwenye mikoko, maji yana rangi ya chai ya maziwa, na kila tulipokata kona nilisema moyoni kona hii ikiisha nitajua jinsi ya kuanza. Nikamwambia Sadala, "Utasema wewe, ndiwe mwanamume." Akasema, "Utasema wewe, ndiwe uliyeanza." Tukabishana hivyo, kwa sauti ya chini, mpaka tuliposikia ngoma.

Walikuwa wamejaa ufukweni. Wanawake sare ya kanga, watoto, vijana waliotoka kukata mikoko na mashoka yao begani. Vigelegele! Wakaingia kwenye tope kutupokea, wakaninyang'anya kikapu, kikapu cha nguo za marehemu, wakakipitisha kichwa hadi kichwa wakicheza nacho. Nilinyoosha mkono kukidaka, sikukiwahi. Mbele yao wote kulikuwa na mwanamke mfupi, mwembamba, meno yote nje, anacheza huku anatembea kinyumenyume kutufungulia njia. Sikuhitaji kuambiwa ni nani. Yassin alikuwa na uso ule ule.

"Mkwe wangu!" akanikumbatia. "Karibu, karibuni kwenu. Yassin hamkuja naye?"

"Hatukuja naye," nikasema.

"Anaona haya huyo!" Watu wakacheka. "Toka mdogo ndivyo alivyo. Twende, mkwe, twende nikakuonyeshe."

Alinishika mkono hakuniachia. Nilimwona Sadala amezungukwa na wanaume wanampa dafu, kanzu imejaa tope, ananitazama tu. Bi Habiba akaniingiza ndani, kwenye chumba cha pembeni. Alikuwa amekikandika upya, udongo haujakauka, unanukia. Kitanda cha kamba amekitandika shuka, na dirisha amelipasua jipya kabisa, kwa panga, mwenyewe.

"Lile la zamani halikupitisha hewa," akaniambia. "Nimesema mtoto wa watu wa Mkongo kazoea mashamba mapana, asije akaona tumemfungia. Pazuri? Sema kweli, mkwe. Kama hapafai niambie."

"Panafaa," nikasema. "Bi Habiba, keti."

"Nikae, na nani atapika? Nina sufuria mbili za pilau motoni."

"Keti, dada yangu. Nakuomba."

Akaketi kwenye kile kitanda. Nikapiga magoti pale chini kwenye udongo mbichi, nikamshika mikono yote miwili kama wazee walivyosema, nikamwambia. Yassin katangulia mbele ya haki. Nikamwambia mto, mtumbwi, kiboko. Maneno yote niliyoyapanga kwenye boti yalipotea, nilisema tu kama mtu anayetapika.

Alinisikiliza kichwa kaweka upande. Akauliza, taratibu, kama anayeuliza habari za jirani, "Nani kamwosha?"

"Mume wangu na watu wa msikiti."

"Uso wake?"

"Ulikuwa mzima. Wallahi ulikuwa mzima."

"Kaburini aliingia nani naye? Hana ndugu kule."

"Sadala. Huyo uliyemwona nje. Alimpokea kama mwanawe."

Akatikisa kichwa. Halafu akalia. Sijui niiseme vipi sauti ile. Ilitoka kali, ndefu, juu, ikapita kwenye lile dirisha jipya, na wanawake walioko nje wakadhani ni kigelegele. Wakakipokea. Wote, uwanja mzima, wakampigia vigelegele mama wa bwana harusi, na ngoma ikapamba moto. Nilimfunika masikio kwa mikono yangu, nikapiga kelele, "Nyamazeni! Nyamazeni, enyi watu, kafa!" Sikusikiwa mpaka Sadala alipoizuia ngoma kwa mikono yake.

Pilau ile ndiyo iliyoliwa msibani. Nguo za Yassin zilitolewa kikapuni zikiwa zimerukiwa na tope la ngoma. Kuna jirani mmoja wa Bi Habiba alinijia mbele za watu akanifokea, hamna haya nyie watu wa bara, mnamchezesha mama mtu ngoma na mwanawe yuko chini ya udongo. Mie Mwanaheri, ambaye sijapata kuambiwa neno moja nisirudishe matatu, nilimsikiliza mpaka mwisho. Alikuwa anasema kweli. Tulikaa mpaka hitma ikasomwa, nikilala chumba kile kile kwa sababu Bi Habiba alikataa nilale pengine. Hakunilaumu, hakunizungumzisha. Alinitilia maji ya kuoga kila asubuhi kama mgeni.

Siku ya kuondoka alitusindikiza. Sadala akatangulia kwenye boti. Nikajua nisiposema hapa sitasema tena, na nitaiona sura ile kila nikilala. Nikamwambia yote: mimi ndiye niliyesema tunakwenda ukweni. Si Sadala, si Biasha. Mimi nilifunga mdomo asije akaambiwa na simu, halafu simu hiyo hiyo ikamletea uongo wangu. Nikamwambia nitukane, nipige, lakini nipe radhi yako.

Alinitazama. Macho yalikuwa yamevimba, hayana machozi tena.

"Niliitwa dukani napara samaki," akasema. "Nikaacha samaki wakaliwa na paka. Nilikandika chumba naimba, Mwanaheri. Nilikwenda nyumba kwa nyumba naazima sufuria, kila anayenifungulia namwambia mwanangu anaoa. Maisha yangu yote sijapata siku kama zile."

Nikaanza kulia. Nikamwambia, ndiyo hayo ninayoyaombea radhi.

"Usiyaombee radhi," akasema. Aliniinua uso kwa kidole, kwa nguvu, kama mama anayemgombeza mtoto. "Ungenipigia simu ungeninyima. Amekufa kwenu, lakini kwangu kabla hajafa alikaa siku mbili nzima ni bwana harusi. Siku zile ni zangu, zote. Usinichukulie na hizo."

Akageuka akarudi kwake, peke yake, akipita katikati ya tope. Sadala aliniita mara mbili ndipo nikapanda boti.