Kompyuta Haina Mkwe

Beki wa mzee aliacha kuufuata mpira, akakimbia kuelekea pembeni mwa uwanja, akayafikia mabango ya matangazo na hakusimama. Miguu iliendelea kukimbia palepale. Kifua kimegandamana na bango, mikono inapiga hewa, uso hausemi kitu, kwa kuwa nyuso za wachezaji wa mchezo ule wa zamani hazikuchorwa ili ziseme kitu. Mimi nilikuwa na mpira katikati ya uwanja. Goli lilikuwa wazi. Sikusogea.

Nilidhani ni kompyuta.

Hilo ndilo lililonijia kwanza. Nilidhani ni kompyuta kwa sababu mimi ndiye niliyeifanya iwe vile ilivyokuwa, na kila hitilafu ndani yake niliihesabu kuwa yangu.

Niliolewa Uyole nikitokea Iringa, nikiwa na diploma ya tehama, sanduku la nguo na onyo la mama. Mama yangu ni Mhehe wa maneno machache. "Unakwenda kwa watu wanaoogopana," aliniambia. "Baba mkwe hutamwona. Ukimwona, geuka." Nilicheka. Nilidhani desturi hiyo imebaki kwenye masimulizi ya wazee, na kweli familia nyingi za Kinyakyusa za mjini zimeiacha. Nyumba ya mume wangu Amos haikuwa imeiacha. Mke wa mtoto haonani na baba mkwe, hamsemeshi, halitamki jina lake. Hata shikamoo yangu ilipitia kwa mama mkwe, ambaye mtaa mzima ulimwita Mama Amos. Aliipokea jikoni, akaipeleka sebuleni, kisha akarudi na marahaba.

Nyumba yenyewe iligawanywa na mlango mmoja wa kati. Mbele kulikuwa na sebule na chumba cha mzee, pamoja na mlango wake wa kutokea barabarani. Nyuma kulikuwa na chumba chetu, jiko na ua. Mlango wa kati haukufungwa kwa ufunguo. Haukuhitaji.

Nilimjua mzee kwa masikio. Kikohozi chake baridi ya Juni inapomwingia kifuani. Redio yake. Ndara zake. Na kelele za pleistesheni ya mitumba ambayo Amos aliinunua alipokuwa sekondari, na baba mtu, dereva wa malori aliyestaafu, akajifunza soka la kwenye runinga na kulipenda kuliko mwanawe alivyolipenda. Amos alipopata kazi ya kukarabati minara ya simu Sumbawanga, mzee alibaki akicheza peke yake. Kisha lenzi ya kusomea diski ya ile mashine ikafa. Fundi wa pale sokoni aliifungua, akaifunga, akasema haina dawa. Sebule ikanyamaza.

"Mzee hali chakula vizuri," Mama Amos aliniambia. "Anakaa anaitazama runinga iliyozimwa. Wewe si umesomea hayo makompyuta?"

Ipo programu inayoitwa emyuleta. Mimi huiita mwigaji, maana ndiyo kazi yake: inachukua tabia za mashine iliyokufa na kuziigiza ndani ya mashine iliyo hai, kwa uaminifu kiasi kwamba mchezo wenyewe haujui kuwa umehamishwa nyumba. Nilizinakili diski za mzee kuwa mafaili kwenye laptopu yangu. Nikalinyonya kwa flashi lile faili la kuwashia lililomo ndani ya pleistesheni, ambalo mwigaji asipokuwa nalo ni mwili bila roho. Mara ya kwanza mchezo ulikwenda kama mtu anayevuka jaruba la mpunga. Picha zilikatika, sauti ilikoroma. Nikapunguza ukubwa wa picha, nikazima madoido, nikajaribu tena na tena, hadi mpira ukadunda kama mpira.

Shida iliyobaki ilikuwa padi yake ya kuchezea. Kijiti cha kumwongozea mchezaji kilikuwa kimechoka, kinamsukuma mtu pembeni hata usipokigusa. Nikaiambia programu ipuuze misukumo midogo. Kisha nikapitisha waya wa picha chini ya mlango wa kati hadi kwenye runinga yake, na waya wa padi ukafuata.

"Anauliza atacheza na nani," Mama Amos aliniletea ujumbe.

Nilikuwa na padi ya pili mkononi. "Mwambie atacheza na kompyuta."

Aliitazama padi ile. "Haya," alisema. "Kompyuta."

Ndivyo ilivyoanza. Picha moja ilionekana pande mbili za ukuta: kwake kwenye runinga, kwangu kwenye laptopu juu ya meza ya jikoni. Nilimjua mzee upya. Alipenda pasi fupi. Hakupiga shuti mpaka awe na hakika. Akifungwa, alivuta pumzi ndefu iliyopenya mbao za mlango.

"Mama Amos," alisema siku moja, kwa sauti ya kufika jikoni, "iambie kompyuta isinikabe kihuni. Ile ilikuwa kadi."

Mama Amos alikuwa anachambua maharage kando yangu. Hakuinua macho. "Kompyuta, umesikia?"

"Mwambie mzee kompyuta haina mkwe. Ikikuta mguu uwanjani inapiga."

Kisha kikaja kicheko, cha chini, cha mtu aliyejaribu kukizuia akashindwa.

"Iambie najua ilikotengenezwa. Iringa. Vidole vimeganda, ndiyo maana haifungi."

"Muulize Uyole kuna joto tangu lini."

"Nyie wawili mtanimaliza," alisema Mama Amos, akatupa kokoto uani.

Kila mtu alijua. Hakuna aliyesema. Niliwahi kufikiri kwamba desturi ile, ambayo nilikuja nayo moyoni kama jiwe, huenda ilikuwa ukuta wa kuegemea tu, mradi kila mmoja aegemee upande wake.

Kisha Mama Amos akaenda Chimala kuvuna mpunga, na kati yetu hapakubaki mtu. "Chakula kiweke mlangoni, gonga, rudi nyuma," aliniagiza. "Rabson atapita kumwangalia." Rabson ni mdogo wake mzee, mwenye duka Ilomba. Siku za kwanza zilipita vizuri. Niliweka sahani, nikagonga, nikarudi. Nilipoikuta tupu, nilijua yu mzima. Baada ya chakula alishika padi, nami nikashika yangu, na hakuna aliyekuwepo wa kubeba utani wetu, kwa hiyo tulicheza bila maneno.

Hadi beki alipokimbilia kwenye mabango.

Nilifungua mipangilio. Nikadhani kijiti kimezidi kuchoka, nikaongeza kiwango cha kupuuza. Beki aliendelea kukimbia. Nikachomoa waya wa padi yake kwenye laptopu, beki akasimama. Nikaurudisha, akakimbia tena. Basi mwigaji alikuwa mzima. Amri ilikuwa inatoka upande wa pili.

Kwenye ukurasa ule wa mipangilio kuna mstari unaoonyesha kijiti kimesukumwa kwa kiasi gani. Kijiti kilichochoka husukuma kidogo, hutetemeka, hurudi. Mstari ule ulikuwa umejaa. Ulijaa na kutulia.

Nilikohoa. Kukohoa kunaruhusiwa. Nikagonga mlango kama ninavyogonga ninapoleta chakula. Redio ilikuwa inasoma salamu za wasikilizaji. Nikarudi mezani, nikauchukua mpira ule uliokuwa umelala katikati ya uwanja, nikamfunga goli ili anitukane. Mashabiki wa kwenye mchezo walishangilia pande zote mbili za ukuta. Nikangoja ile pumzi ndefu. Haikuja. Mchezo ukaanza upya, na beki akarudi kwenye mabango yaleyale.

Nikampigia Mama Amos. Nyuma ya sauti yake watu walikuwa wanapiga mpunga.

"Mama, mzee hajibu."

"Amelala huyo."

"Mchezo unakwenda, mama. Ameshika padi."

"Usiingie, mwanangu. Akiamka akakukuta humo, hatakaa ainue uso mtaani. Nampigia Rabson."

Punde Rabson alinipigia mwenyewe. "Nafunga duka, nakuja. Tekla, unanisikia? Kaa hukohuko nyuma."

"Ndiyo, baba mdogo."

Kutoka Ilomba hadi Uyole si mbali, lakini malori ya Tunduma yakishapanga foleni, barabara ile inakuwa ukuta. Nilisimama mbele ya mlango wa kati. Niliona mambo mawili, na yote yalikuwa na sura yangu. Katika la kwanza, nafungua na kumkuta mzee amesinzia, anashtuka, na kuanzia siku hiyo mimi ni mwanamke wa Iringa aliyemvamia mkwewe, na Amos anatembea ameinamisha kichwa kwa ajili yangu. Katika la pili sifungui. Mkono wangu ulikuwa juu ya kitasa. Nikageuka kuitazama laptopu, kama vile ingeniamulia.

Beki akasimama.

Sikuugusa waya. Mstari kwenye mipangilio ulikuwa umeshuka hadi sifuri, na hapo nikaelewa kwamba yule beki aliyenitia hofu kwa kukimbia ndiye aliyekuwa anajaribu kuniita, na sasa ameacha.

Nilifungua mlango. "Shikamoo, baba," nilisema. Ndiyo maneno yaliyotoka. Hadi leo sijui kwa nini.

Alikuwa kitini, ameinamia upande wa kulia. Alikuwa mtu mdogo kuliko kikohozi chake. Nusu ya mdomo ilikuwa imeshuka, mkono wa kulia umelala pajani kama kitu cha mtu mwingine, na padi imeanguka juu ya zulia. Macho yake yaliniona. Na alichofanya, kwa nguvu zilizokuwa zimembakia, ni kuinua mkono wa kushoto ajifunike uso. Haukufika. Ulifika shingoni, ukatetemeka, ukarudi. Hata katika hali ile alikuwa ananistahi.

"Nisamehe, baba," nilisema, nikapitisha mikono chini ya makwapa yake.

Marcelino, dereva wa bajaji anayeegesha kwenye kona yetu, alinisaidia kumtoa. Alimshika miguu bila kuuliza. Njiani kichwa cha mzee kilikuwa begani kwangu, kizito na cha moto, na kila bajaji ilipoingia kwenye shimo nilikikumbatia kwa mikono miwili. Marcelino alipiga honi njia nzima.

Hospitalini muuguzi alikuwa na kalamu tayari. "Jina la mgonjwa?"

"Ni baba mkwe wangu."

"Sijauliza undugu, dada. Jina."

Tangu nilipoolewa sikuwahi kulitamka. Hata maneno yanayofanana nalo niliyazunguka, nikaambiwa na mama mkwe kwamba nina adabu. Muuguzi aliinua macho. Mzee alikuwa pale kwenye machela, ananisikia.

"Sifaeli," nilisema.

Akafumba macho.

"Hali ilianza lini?" aliuliza daktari. Hilo nililijua kuliko mtu yeyote. Nilimweleza kuhusu beki, nikadhani atanicheka. Hakucheka. Alisema kiharusi kina muda wake wa kutibiwa, na kwamba tumewahi.

Rabson alinikuta kwenye benchi la nje. Alikuwa anahema. "Umemshika?"

"Nimembeba, baba mdogo."

Aliketi mbali nami. Jioni, Mama Amos alipofika na makapi ya mpunga bado kwenye kitenge, Rabson alianza kusema kwamba jambo kama hili haliwezi kupita hivihivi, kwamba kwetu Iringa lazima waambiwe, walete ng'ombe wa kufidia mwiko.

"Huyo ng'ombe," Mama Amos alisema, "angekuja na bajaji kumchukua kaka yako?"

"Shemeji, mila ni mila."

"Wewe ulikuja na nini, Rabson? Ulifika watu wameshalazwa."

Rabson aliangalia viatu vyake. Lakini Mama Amos naye hakunitazama. Amos alikuja kutoka Sumbawanga, akanishika mkono, akasema nimefanya vyema, na nikamwona akitupa jicho kuelekea wodini kabla hajamaliza sentensi. Walikuwa wanangoja. Mwiko uliovunjwa ni wa watu wawili, na mmoja wao alikuwa hajasema.

Wala hakusema. Alirudi nyumbani akivuta mguu, na kinywa kimefungwa. Daktari alituambia maneno yanaweza kurudi, au yakachelewa, au yasirudi yote. Amos akarudi kazini. Wiki zikapita. Baadaye mzee alianza kumwambia mkewe neno mojamoja: maji, dirisha, hapana. Nilimsikia nikiwa jikoni. Kwangu hakuna kilichokuja, hata kwa kupitia kwa mtu. Zamani kimya chake kilikuwa na maana moja, na niliijua. Sasa sikuweza kujua kama ni kiharusi kinachomziba mdomo au ni mimi. Nilianza kupanga vitu vyangu ndani ya sanduku na kuvitoa. Nilimpigia mama Iringa nikamwuliza habari za mahindi.

Jumapili moja Mama Amos alikwenda kanisani, uji ulikuwa tayari, na mzee alikuwa hajala tangu usiku. Niliuweka mlangoni, nikagonga, kisha nikakumbuka kwamba hawezi kuinama. Nikaingia macho yakiwa sakafuni. Nikapiga magoti, nikaweka bakuli kwenye stuli, nikamshikisha kijiko mkono wa kushoto. Nilisikia kijiko kikigonga bakuli. Nilisikia akimeza. Niliinuka nitoke.

"Una mabonge," alisema.

Neno lilitoka limepinda, limelowa, likiburuta mguu kama yeye. Nilingoja, kwa mazoea, mtu wa kulipokea. Hapakuwa na mtu mwingine chumbani.

"Uji," alisema tena, taratibu. "Una mabonge."

Nilichukua bakuli. "Nitaukoroga upya, baba."