Msiba wa Mlango wa Kulia

Mtaa mzima walimwita Daktari, na mwanzoni walikuwa wakimgongea mlango huku wamebeba watoto wenye mafua. Akawaeleza, kwa upole wa mtu aliyezoea kusahihisha mitihani, kwamba udaktari wake haukuwa wa sindano. Wake ulikuwa wa kusoma jamii kwa ramani. Mama mmoja akauliza, sasa hiyo ramani inatibu nini? Daktari akacheka kidogo, akafunga mlango. Tangu siku hiyo mafua ya mtaa yakapelekwa kwingine, na habari za mtaa zikafuata mafua.

Alikaa ghorofa ya tatu, mkono wa kushoto. Mkono wa kulia alikaa mama mtu mzima, mshona mapazia, jengo zima likimwita Bi Mkubwa. Cherehani yake ilinguruma kutwa, na ulimi wake ulikwenda kasi kuishinda cherehani. Hakuna aliyepanda ngazi zile na ndoo asiitue pale mlangoni. Umelala, Bi Mkubwa? Nilale, nimekuwa paka? Basi hapo ndoo itakaa mpaka maji yapoe na aliyeyabeba asahau alikuwa akienda kuoga. Daktari aliyasikia maongezi hayo kupitia ukutani kama mtu anavyosikia redio ya jirani: anajua inasema, hajui inasema nini. Wakikutana kwenye korido walisalimiana vizuri tu, kisha kila mmoja akageukia kitasa chake.

Kazi aliyokuwa nayo mwaka huo, ukiivua koti, ilikuwa kazi ya umbea, ingawa kwenye andiko la mradi iliitwa mtawanyiko wa taarifa katika makazi. Ofisi ya afya ya jiji ilitaka kujua: tukitangaza chanjo, au maji yakichafuka, neno lianzie wapi ili lifike kila nyumba? Gari la matangazo walishalijaribu, watu wakafunga madirisha. Ndipo Daktari akabuni njia yake. Wadodosaji wangepita mlango kwa mlango na vishikwambi, wamuulize kila mtu juu ya msiba wa karibuni kabisa uliotokea mtaani: ulisikia kwa nani, na ulipousikia ulikuwa wapi. Jina la marehemu lisiandikwe, halikuhusu kitu. Kila jibu lingekuwa nukta kwenye ramani, na kutoka kwa msemaji hadi kwa msikilizaji kompyuta ingechora mshale. Mishale ikiwa mingi, unaiona habari inavyotembea, kama unavyoyaona maji yakitafuta mteremko.

Alikuwa na sharti moja, na hilo hakumlegezea mtu. Siri za watu zilindwe. Ramani ya namna ile ni kitu cha hatari, maana yeyote anaweza kuweka kidole juu yake akasema, kumbe mdomo mpana ni nyumba ile! Kwa hiyo kila nukta, kabla haijamfikia yeye, isogezwe pembeni kidogo, upande wowote itakaochagua kompyuta. Sura ya mtaa inabaki, nyumba ya mtu haijulikani. Faili la kweli likae kwa mkuu wa wadodosaji. Yeye mwenyewe hakutaka hata kulichungulia. Tena mlango wake wauruke tu, mtafiti hajihoji. Wanafunzi wake walimsifu kwa msimamo huo, na kwa haki kabisa.

Mkuu huyo wa wadodosaji alikuwa mwanamke mnene, mcheshi, aliyeitwa Kipaza kwa sababu kipaza sauti hakuwahi kukihitaji. Zamani aliuza vipodozi nyumba kwa nyumba, na tangu hapo hakuna mlango uliomshinda. Wengine walirudi ofisini wakilalamika kwamba watu hawataki kujibu maswali. Kipaza alirudi ameshiba, amebeba sahani ya mtu aliyoahidi kuirudisha.

Kazi ilikwenda vizuri. Ilipokwisha, Daktari alijifungia ofisini na ramani yake, na ramani ilikuwa nzuri hata akasahau chai ikapoa. Habari ya ule msiba ilitoka mahali pamoja, ikateremka hadi kwenye bomba la maji, ikagawanyika. Tawi moja likaingia saluni na kutoka huko limenenepa, jingine likapitia kwa muuza vocha, likavuka barabara kuu na kuishia kwa fundi viatu, ambaye naye aliwapa wateja wake pamoja na viatu vyao. Ilikuwa kama kutazama karamu ya watu kupitia dirishani. Daktari aliifuata mishale kwa kidole, mmoja mmoja, akiwaza jinsi watu hawa walivyokuwa na watu.

Kasoro ilikuwa moja. Ile nukta ya mwanzo, kwa kusogezwasogezwa, ilikuwa imetua katikati ya bwawa la majitaka. Wakubwa wa afya wangecheka: msiba umetangazwa na vyura. Akamwita Kipaza, akamwomba afungue faili la kweli kwenye mashine yake mwenyewe, aisogeze nukta ile upya hadi iangukie nchi kavu, bila kumwambia ilikuwa nyumba gani.

Kipaza hakwenda kwenye mashine. Alivuta kiti, akakaa.

"Daktari, hivi kweli hujui ni wapi?"

"Nitajuaje? Si nilisema nisijue?"

"Siulizi faili. Nauliza msiba."

"Msiba upi?"

"Ni ngazi yenu," Kipaza akasema, na sauti yake ilikuwa ndogo ajabu. "Ghorofa ya tatu. Mlango wa kulia."

Akili ya msomi ina mlango wa uani, ikishtuka hutokea huko. Jambo la kwanza alilowaza Daktari lilikuwa kwamba itabidi aongeze aya kwenye ripoti, kueleza kuwa mtafiti anaishi jirani na chanzo. Aya hiyo alikwisha kuipanga kichwani maneno yote. Ndipo akauliza, lini?

Kipaza akamweleza. Wiki kadhaa kabla ya kazi kuanza. Bi Mkubwa alianguka kwenye cherehani, akakimbizwa hospitali, hakutoka. Watoto wakaenda kumzika kwao, mbali, lakini watu wa jengo walikaa pale uani jioni tatu mfululizo, kwa viti vya kuazima.

Viti aliviona. Alikuwa akitoka kwenye mahafali ya chuo, amevaa gauni la njano, masikioni ameziba kwa muziki, akaona uwanja umejaa watu wameinamisha vichwa. Akadhani ni kikao cha michango ya kuzoa taka. Akaongeza sauti ya muziki ili asisikie wakimwita, akasema "habari za jioni" kwa wote kwa pamoja, akapita katikati yao hadi ngazini. Na juu, kwa siku nyingi, ukuta ulinyamaza. Alikumbuka vizuri kwamba aliushukuru ukimya ule. Sura nzima ya ripoti iliandikwa ndani yake.

"Wadodosaji walidhani wewe na Bi Mkubwa mligombana," Kipaza alisema. "Nikawaambia wanyamaze, watu wa ukuta mmoja wana yao. Maana niliangalia, Daktari. Mshale umevuka barabara kuu. Kwako umeshindwa kuvuka korido."

Hakulisema kwa ubaya. Alikuwa anatoa ripoti.

Daktari alirudi nyumbani jua likiwa bado juu. Njia nzima alitafuta maneno. Pole iliyochelewa haina sahani ya kuiwekea: ukiileta mikono mitupu ni aibu, ukiileta na zawadi unaonekana unalipa faini. Alipofika juu, mlango wa kulia ulikuwa wazi. Ndani hakukuwa na pazia hata moja, na mwanamke wa makamo, kitambaa kichwani, alikuwa akifunga maboksi kwa kamba. Alikuwa na paji la uso la Bi Mkubwa, lile lile.

Daktari akabisha hodi.

"Karibu. Kama ni chumba, mwenye nyumba kashakitoa. Wanaingia wengine kesho."

"Sikuja kwa ajili ya chumba. Mimi ni wa hapo." Akaonyesha nyuma yake kwa kidole gumba, kama mtoto.

"Aa, wewe ndiye Daktari." Binti akajinyoosha mgongo. "Tuliambiwa ulisafiri. Wamama wa chini walisema lazima umesafiri, maana haiwezekani."

Hapo sasa. Wenzake walikuwa wamemtandikia uongo, safi, umekunjuliwa vizuri, kazi yake ilikuwa kukaa tu. Na huyu mtu kesho hayupo, hamjui, hatamwona tena. Angesema ndiyo, nilisafiri, dada yangu, nimerudi jana na kupokea habari, na wangeshikana mikono, na jengo lingeendelea kumhesabu kuwa mtu. Alifungua mdomo kusema hivyo hasa.

"Sikusafiri," akasema. "Nilikuwepo. Sikujua."

Binti akaiachia kamba.

"Ulikuwepo hapo."

"Nilipita pale uani mmekaa. Nilidhani ni kikao."

"Mwenye gauni la njano," binti akasema polepole.

"Ndiye mimi."

Nje, kwenye bomba, ndoo ilifurika na mtu akalifunga bomba. Daktari alingoja aambiwe haidhuru. Binti hakusema haidhuru. Aliuliza kama yeye na mama walikuwa wakiongea, na Daktari akajibu kwamba walikuwa wakisalimiana.

"Mama alisalimiana na kila mtu," binti akasema. Halafu, kama anayepokea mzigo ulioandikwa jina la mtu mwingine: "Haya. Pole yako imefika. Shika huku basi, hii meza ya cherehani ni nzito, na mwenye gari hataki kupanda ngazi."

Wakaishika, wakateremka nayo, wakipumzika kila kona. Meza ilikuwa chuma kitupu, ikamchuna kiganja. Hawakuzungumza ila "taratibu" na "ngoja" na "kushoto kidogo". Uani, wamama watatu walikuwa wamekaa kwenye benchi karibu na bomba, wakaacha maneno yao na kuwatazama wakipita. Daktari alirudi juu peke yake kuchukua boksi la mwisho. Aliposhuka, binti alikuwa amesimama nao, mkono begani mwa mmoja, wakiagana. Kisha gari likawaka na kuondoka.

Akabaki amesimama pale, vumbi limemjaa kifuani. Zamani angepita. Safari hii akaenda mpaka kwenye benchi.

"Habari zenu, mama zangu."

"Salama, Daktari. Za kazi?"

"Nzuri. Kuna jipya gani?"

Wakatazamana, kwa nukta tu, macho yakaenda na kurudi.

"Hakuna jipya," akasema mkubwa wao. "Ni hivyo hivyo tu."

Kwenye ramani yake, kutoka kwenye benchi lile mishale ilikuwa imeruka kila upande kama cheche. Hata hivyo wakamsogezea nafasi, naye akakaa. Wakazungumza juu ya sabuni, kwamba siku hizi haina povu. Wakazungumza juu ya jua. Alichangia kuhusu jua, wakakubaliana naye kwa adabu. Kila neno lilikuja limefungwa vizuri na kuwekwa mbele yake kama anavyowekewa mgeni, mpaka yeye mwenyewe akaona anawachelewesha, akaaga.

Alikuwa hajafika ghorofa ya kwanza sauti zilipoinuka tena nyuma yake.

"Kumbe alikuwepo, bwana. Kamwambia yule binti mwenyewe."

"Acha uongo."

"Haki ya nani, kwa mdomo wake. Wala hakuzunguka."

"Afadhali kasema."

"Afadhali gani? Ukuta mmoja!"

"Na sisi tulivyomtetea, eti kasafiri."

"Shh, atakusikia."

"Huyo? Asikie msiba hakusikia, atanisikia mimi?"

Wakacheka. Hakikuwa kicheko cha ubaya, ni kile cha watu ambao jioni imewapa kitu. Daktari alisimama kwenye kona ya ngazi, mkono kwenye chuma, asionekane. Aliwasikia wakimgeuza huku na huku, wakimpunguzia hapa, wakimwongezea pale, kisha wakachoka naye. Wakahamia kwa kijana fulani aliyeondoka kwao kwa hasira, ameacha mke na mama yake ndani ya nyumba moja, hawasemezani. Daktari hakumjua kijana huyo, wala mke wake, wala ni mlango gani.

Akaketi kwenye ngazi, taratibu, ili asikie kama kijana yule alirudi.