Honi ya Saa Kumi

Mtaa mzima ulimwita Mama Tagi, maana marehemu mumewe alikuwa nahodha wa tagi, ile boti fupi yenye nguvu inayozikokota meli kubwa mpaka gatini. Kila siku saa kumi alasiri, akimaliza zamu, mzee yule alipita na tagi yake chini ya dirisha lao akipiga honi mpaka vikombe vikatetemeka kabatini. Mkewe naye hakukosa la kusema: unawaamsha watoto wa watu, mwanamume huna haya! Miaka ishirini na sita aliilalamikia honi ile. Sasa ni mwaka wa pili yuko peke yake, na ikifika saa kumi masikio yanasimama yenyewe. Usiombe yakukute.

Ndipo aliposikia kwamba kesho yake tagi ile inakwenda kukatwa, iuzwe chuma chakavu. Akavaa viatu vyake vya kutokea, huyoo, bandarini. Mlinzi wa getini akajaribu kumzungusha, akaulizwa kama na mama yake mzazi huwa anamsimamisha juani. Akampisha.

Nahodha wa sasa zamani alikuwa baharia wa marehemu. Alimpa kiti, akamuulizia wajukuu. Mama Tagi hakuzunguka mbuyu. Alitaka kesho, tagi ikipita dirishani kwake, ipigwe honi kama alivyoipiga mumewe. Mara moja tu, roho itulie.

"Alikuwa anapigaje, mama?"

Honi haielezwi, inaigwa. Akawatazama mafundi wawili waliokuwa wakinywa chai mlangoni, akaona liwalo na liwe.

"Puu. Pu-pu. Puuuu."

Hakuna aliyecheka. Nahodha aliweka kikombe chini.

"Ile? Mama, ile alituambia anafukuza mitumbwi."

"Mitumbwi gani?"

"Ndiyo hiyo tulikuwa hatuioni. Tukadhani mzee ana macho kutushinda."

Mama Tagi alicheka mpaka akashika meza, na kicheko kikageuka kilio, wala hakujizuia. Siku zote alidhani mumewe anajishaua mbele ya wenzake. Kumbe hata wenzake hawakuambiwa. Ilikuwa yake yeye peke yake, naye akawa anaipokea kwa matusi.

Nahodha akamwomba arudie, asije akakosea. Akarudia mara tatu, kwa sauti.

Kesho yake alikuwa dirishani tangu saa nane. Tagi ilipopita ikilia, Mama Tagi alipunga mkono, kwa mara ya kwanza maishani mwake, akaendelea kupunga mpaka ikapotea nyuma ya maghala.