Mwanamke Akitwanga Uwele

Chumba anamohariria Denis kipo Chang'ombe ya Dodoma, nyuma ya duka la maandazi, na feni yake inakwaruza kutwa. Humo alikuwa anaunganisha filamu ya historia ya Dodoma kwa ajili ya televisheni. Kipande alichokipenda kuliko vyote ni cha zamani, hakina rangi wala sauti: mwanamke aliyejifunga kaniki anatwanga uwele, kuku miguuni.

Shida yake, yule mwanamke alikuwa anageuka. Kipande kilipofika alitazama mbele. Kila Denis alipomrudisha na kumchezesha tena, aligeuka kidogo, mpaka ukabaki mgongo mtupu. Kuku hawakugeuka.

Denis akasambaza picha ile kwenye simu, akiuliza nani anamjua. Kule Chamwino, Bibi Emilia akakitambua kinu, kimepasuka ukingoni na kufungwa waya, maana ni cha mama yake, na bado kipo jikoni kwake. Mama yake, Nyemo, alifariki Emilia akiwa angali wa kubebwa mgongoni, wala hakuacha picha. Bibi akaja na basi la asubuhi, amevaa viatu vya kanisani, karanga kwenye kapu.

"Washa, mjukuu wangu! Washa, moyo utanitoka!"

Denis akawasha. Mgongo.

"Ameninunia," Denis akasema.

"Mnamsalimia?"

"Nani?"

"Mama yangu! Mnamtwangisha tangu Kwaresma, mnamrudisha, mnamtwangisha tena. Mkiingia asubuhi mnamsalimia?"

"Bibi, sisi tunabonyeza tu."

"Una bahati hajakurushia mchi."

Emilia akavua viatu, akapiga goti mbele ya kioo. "Shikamoo, mama."

Mchi ukasimama. Nyemo akageuka, akajifuta jasho kwa kiganja. Alikuwa na mwanya kama wa Emilia. Kwa umri alikuwa mdogo kwa bintiye, mbali sana, lakini akaitikia marahaba bila haya. Kisha akachota uwele uliokobolewa, akanyoosha mkono nje ya kioo, akaumimina kwenye khanga ya Emilia.

Emilia akapiga vigelegele mpaka muuza maandazi akaja mbio, mikono ina unga, naye akaamkia. Denis akaamkia mara mbili, kufidia, kisha akaokota punje zilizoangukia kwenye mashine.

Mchana huohuo akawapigia simu wenye kipande, hifadhi ya filamu huko ng'ambo, kuomba ruhusa ya kuandika jina la Nyemo na kuipa familia nakala.

"Alivyosajiliwa ndivyo anavyobaki," wakasema. "Na nakala haitoki."

Filamu ilirushwa Jumapili baada ya ibada. Chang'ombe nzima, wakubwa kwa wadogo, waliamkia televisheni, na Nyemo akaitikia kila nyumba. Chini ya miguu yake, karibu na kuku, yalipita maandishi meupe: Mwanamke akitwanga uwele.

Kule Chamwino, Emilia alikuwa anakoroga uji wa uwele ule mbele ya televisheni. "Anaitwa Nyemo!" akayaambia maandishi, mwiko ukidondosha uji.

Nyemo akaitika kwa kichwa, akainua mchi. Maandishi yakabaki vilevile, mpaka ikaja taarifa ya hali ya hewa.