Nenda Pale Ambapo Huogopi

Jumanne, tarehe kumi na nne Mei, mwaka wa elfu mbili ishirini na nne, ndiyo siku mambo yote yaliharibika. Naanza na tarehe kwa sababu wakubwa wanapenda kusema "kipindi kile" na "siku zile", halafu ukweli unapotelea humo. Mimi sikusoma sana, niliachia mwaka wa nne kule Uvira, lakini tarehe hiyo hainitoki.

Nalinda geti la shule ya msingi hapa Kamembe, mji wa Rwanda ulio mpakani na Kongo. Jina langu ni Ndizeye, ila shuleni wananiita Papa Benitha, kwa sababu mtoto wangu Benitha anasoma pale pale, mwaka wa tatu. Sina mwingine. Mama yake alikufa mwaka juzi katika hospitali ambayo sitaitaja, tukingoja karatasi isainiwe na mkubwa fulani aliyekuwa kwenye mkutano. Tangu hapo nikisikia neno mkutano, nauliza nani anangoja nje.

Wiki ile shule ilikuwa na formasio. Wageni walitoka Kigali kufundisha wafanyakazi wote namna ya kuifanya shule iwe mahali pa utulivu, mtoto asome bila hofu. Hakuna kupiga, hakuna kufoka, hakuna kutukana. Fimbo yangu ya getini ilichukuliwa tangu Jumatatu, ikalazwa ofisini pamoja na fimbo za walimu, kama silaha za jeshi lililoshindwa. Sawa, sikubisha.

Jumanne asubuhi walimu walirudi madarasani kujaribu walichofundishwa. Mwalimu wa Benitha ni Christelle, msichana mpole, bado mgeni katika kazi. Aliwaambia watoto wafumbe macho, wapumue polepole, halafu kila mmoja aende kwa mawazo mpaka pale ambapo haogopi kitu, akae hapo kidogo. Benitha akanyoosha mkono.

"Mwalimu, kurudi ni lazima?"

Darasa likacheka. Mwalimu naye akacheka. Hayo nilikuja kuambiwa baadaye, wakati hayakuwa na faida tena.

Baada ya mapumziko direkteri wetu, bwana Habumugisha, alikuja getini amevaa suti.

"Mzee, unangojewa kwenye salle ya mikutano. Watu wote, hata wapishi."

"Na geti, Direkteri?"

"Liache. Dereva wa wageni ametoka kutafuta maji, asije akakuta limefungwa."

"Liache wazi? Na batoto?"

"Watoto wanasoma kimya madarasani. Mzee, hawa wageni wanataka kumwona kila mfanyakazi. Usiniaibishe."

Nikaenda. Ningefanya nini? Mtu aliyekuajiri akisema njoo, unakuja.

Aliyefundisha alikuwa Madame Izabayo. Alikulia Bukoba, kwa hiyo Kiswahili chake ni kile kilichonyooka, kinachomfanya mtu ajione kama anatoka porini. Akatuambia tukae vizuri, tuweke mikono magotini, tufumbe macho. Wote wakafumba. Mimi nikabaki nayo wazi.

Mukarugwiza, mama wa jikoni, alikuwa kando yangu. Akaninong'oneza, "Papa Benitha, fumba basi. Ama unaogopa batakuibia viatu?"

"Mimi ni mlinzi. Mlinzi akifumba macho analinda nini?"

"Analinda usingizi."

Walimu wawili wakaguna kwa kicheko. Madame Izabayo akaja, akaweka mkono begani mwangu, akasema taratibu, "Baba, jaribu. Hakuna kibaya kitakachotokea."

Nikafumba.

Kimya kilichofuata sikukipenda. Shule ile ina watoto wengi mpaka wanabanana, na siku zote unasikia jedwali la kuzidisha, kikohozi, dawati likikwaruza sakafu. Sasa hakukuwa na kitu. Ilikuwa kama nyumba ambayo watu wameihama. Nikafumbua jicho moja, na kupitia dirishani nikaona ukuta tu. Kutoka salle ile huwezi kuona geti.

"Bado, Baba," akasema Madame. "Rudi ndani."

Nikafumba tena. Hilo ndilo sitalisamehe, na sijui nisimsamehe nani.

Tulipotoka, Christelle aliingia darasani kwake na kutoka papo hapo, mbio, amepoteza kiatu kimoja.

"Benitha hayuko!"

"Amekwenda chooni," nikasema. Mdomo ulisema hivyo, miguu ilikuwa tayari inakimbia. Chooni hakuna. Nyuma ya jiko hakuna. Kwenye bomba hakuna. Geti lilikuwa wazi kabisa, na dereva wa wageni amekaa ndani ya gari anakunywa maji.

Mtoto anayekaa naye dawati moja, wanamwita Chloé, alikuwa amejikunyata pembeni. Nikamshika mabega.

"Rafiki yako ameenda wapi?"

"Amesema anaenda pale."

"Pale wapi?"

"Pale mwalimu alisema. Pale haogopi."

Nilitaka kupiga ile rimu ya gari tunayotumia kama kengele, mtaa mzima utoke nje kutafuta. Direkteri akanishika mkono.

"Mzee, tutulie. Ukipiga, watoto wote watatoka mbio, wazazi watakuja, itakuwa fujo mbele ya wageni."

"Mutoto wangu amepotea, unaniambia fujo?"

"Nakuambia tutulie."

Nikamwambia neno ambalo siwezi kuliandika hapa. Madame Izabayo akaja kati yetu, uso umebadilika rangi, akasema gari lake lipo, twende. Tukapanda, mimi na yeye na dereva.

"Baba," akasema, "mtoto wako akiogopa, hukimbilia wapi?"

"Kwa baba yake."

"Leo amekuja kwako?"

"Mulinifungia kwenye salle, angekuja wapi?"

Nikamwambia dereva anipeleke nyumbani kwangu. Nyumbani ndipo mtoto haogopi, si ndivyo? Nilisema hivyo kwa sauti kubwa, kama mtu anayebishana, ingawa hakuna aliyenipinga.

Nyumba yangu iko mwisho wa njia, migomba huku na huku. Tulipofika kufuli lilikuwa mlangoni, kama nilivyoliacha asubuhi. Nikafungua tu, labda alipita dirishani. Kitanda chake kimetandikwa. Sahani mbili kwenye beseni. Nikaita, sauti yangu ikanirudia.

Madame Izabayo alikuwa amesimama mlangoni, anaangalia kitasa. "Kufuli liko kwa nje. Huwa unamfungia?"

"Usiku. Nalinda depo ya simenti kule chini. Mshahara wa geti munaujua nyinyi wakubwa. Namfungia asije muntu mubaya akaingia."

"Halii?"

"Halii hata kidogo. Zamani kidogo, mama yake alipokufa, alilia. Sasa ni mtoto mtulivu, jirani yeyote atakuambia. Huwezi hata kujua kama kuna muntu ndani."

Akaligusa kufuli lile kwa kidole, akarudi garini.

Tulipokuwa tunageuza gari, Ciza alikuwa anapanda njia na gunia la karanga mgongoni. Ciza ni mbeba mizigo wa mpakani, tunafahamiana tangu zamani. Aliponiona ndani ya gari lile alicheka.

"Ee, Mzee! Leo batu bakubwa banakutembeza?"

"Ciza, umemuona Benitha?"

Kicheko kikamwisha. "Nilipishana naye. Alikuwa anashuka na uniforme yake, anaenda chini kule, kwa mupaka. Nikasema labda umemutuma."

"Sikumutuma!"

"Basi kimbieni, Papa. Leo mupaka umejaa batu sana."

Sijui nieleze vipi barabara ile ya kushuka. Kila siku naiona, lakini siku ile ilikuwa na kona ambazo sikuzijua. Mvua ilikuwa imenyesha usiku, na mimi nilikuwa naufikiria mto tu, maji mekundu chini ya daraja, yanavyokwenda kasi bila kugeuka nyuma. Halafu nikafikiria malori. Halafu nikafikiria upande wa pili, Bukavu, namna mji ule unavyommeza mtu. Mtoto wa mwaka wa tatu akivuka pale katikati ya mama za watu, anashika upindo wa kitenge cha mmoja wao, nani atajua si wake? Na akishafika ng'ambo, nani atajua jina lake? Nikaanza kusali. Nikasahau maneno. Nikabaki nasema Yezu, Yezu, Yezu, mpaka dereva akaongeza mwendo.

"Ni nyinyi," nikamwambia Madame. "Munatoka Kigali munaambia batoto waende. Munabafundisha kwenda!"

"Ni kwa mawazo tu, Baba."

"Mutoto ana miguu!"

Akashusha kioo, akaanza kuangalia watoto wa kando ya barabara.

Mpakani, Rusizi ya Kwanza, kulikuwa na kelele za siku zote. Malori yanapiga honi, wabeba mizigo wanapigana vikumbo na kupiga mayowe, "Kando! Kando!" Duka la simu limeweka muziki wa Kinshasa mpaka spika inakoroma, na wamama wanabishana bei kwa Mashi, Kinyarwanda na Kiswahili, vyote pamoja. Nilimkimbilia askari mmoja, nikamwambia mtoto, uniforme ya bluu. Akasema uniforme za bluu zimepita nyingi. Nikaenda mpaka mwanzo wa daraja, nikaangalia maji. Sikutaka kuangalia lakini niliangalia.

Ndipo mtu akaniita kwa nyuma.

"We Papa Benitha! Unatafuta samaki ndani ya mutoni?"

Ilikuwa ni Nabintu. Anatoka Bukavu, anauza sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani, kwenye beseni, na meza yake iko karibu na pale pikipiki zinapogeuzia. Alikuwa akifanya biashara pamoja na marehemu mke wangu. Mimi na yeye hatusalimiani sana. Ana mdomo.

"Benitha..." nikaanza.

"Punguza sauti," akasema, yeye ambaye sauti yake inasikika mpaka ng'ambo. "Analala."

Akainua turubai lililofunika meza. Chini yake, juu ya kitenge kilichokunjwa, kati ya gunia la chumvi na beseni tupu, mtoto wangu alikuwa amelala. Mdomo wazi, mkono mmoja umetupwa kule, kama watoto wachanga wanavyolala. Viatu vyake vilikuwa vimepangwa pembeni. Pikipiki moja ikapiga honi karibu na kichwa chake, karibu kabisa, hata kope haikutikisika.

Nilikaa chini.

"Ameanza lini kuja hapa?" Madame Izabayo akauliza.

Nabintu akamwangalia kuanzia viatu mpaka nywele. "Na huyu mama wa gari ni nani?"

"Ni wa formasio," nikasema. "Anafundisha utulivu."

"Utulivu! Basi angalia, ulete na benzako bajifunze." Akacheka, halafu akaacha kucheka. "Anakuja kila Samedi, mama. Anakuja, anakula sambaza mbili tatu, analala. Mimi nilizani baba yake anajua."

"Jumamosi anaenda katekisimu," nikasema.

"Katekisimu yake njo hii."

"Lakini hapa, kwenye kelele hizi?" Madame akauliza.

"Mimi pia nilimuuliza. Nikasema, mwanangu, batu bote hawa banapiga kelele, utalala je? Akaniambia, Maman Nabintu, hapa nasikia kama batu bako karibu."

Madame Izabayo alichuchumaa kwenye matope na sketi yake nzuri, akamtazama Benitha muda mrefu. Simu yangu ikalia. Alikuwa direkteri. Akauliza kama amepatikana, nikasema ndiyo. Akasema asante Mungu, halafu akasema, Mzee, tafadhali, habari hii ibaki kati yetu. Nikaizima simu. Watu wenye madaraka wakisema kitu kibaki kati yetu, ujue wanataka ukibebe peke yako.

Nikamgusa Benitha bega. "Mwanangu. Ni Papa. Twende nyumbani."

Akafumbua macho. Kwa kitambo kidogo macho yale yalikuwa mapana na laini, ya mama yake kabisa. Halafu akaniona vizuri. Hakulia, hakupiga kelele. Alijivuta polepole mpaka upande wa pili wa gunia, akashika kitenge cha Nabintu kwa mikono miwili.

Nimeogopa mambo mengi katika maisha yangu. Nimekimbia vita nikiwa mdogo, nimekaa kando ya kitanda mwili wa mke wangu ukipoa. Siku ile niliuogopa mto. Lakini hakuna kilichonitia baridi kama vidole vile vidogo kwenye kitenge cha mtu mwingine.

"Baba," akasema Madame Izabayo bila kuniangalia, "usimvute."

Sikumvuta. Mimi nikaketi pale chini, watu wakituruka na mizigo yao, mmoja akinitukana nitoke njiani. Nikasubiri. Nabintu akamsemesha kwa Mashi, taratibu, akampa maji. Madame alijaribu kwa maneno yake mazuri ya vitabuni. Mtoto aliangalia chini tu, akihesabu sijui nini kwenye matope.

Mwishoni mimi mwenyewe niliinama mpaka uso wangu ukawa sawa na wake, na nikamuuliza kile ambacho wote tulikuwa tunakizunguka, na ambacho mpaka leo bado hajakijibu: Benitha, mwanangu, kule nyumbani unaogopa nini?